Panzi Asiyekimbia

Watu waliozoea kupita katika miombo ya Mpanda wanamjua panzi mmoja mkubwa, wa rangi ya majani mabichi, ambaye mtu akimsogelea haruki upesi wala hajifichi. Hukaa papo hapo juu ya kijiti kana kwamba amekwisha kupima nguvu za anayemjia akaona si kitu. Wengine humdhania kuwa mzembe, na watoto humkamata kwa furaha. Twapenda kuwaeleza wasomaji wetu sababu ya ushupavu wake, kwa maana jambo lenyewe lagusa maisha ya watoto wetu.

Wataalamu humwita Phymateus viridipes. Urefu wake hupata inchi 3, na mgongo wake karibu na shingo una vinundu. Mabawa yake ya juu ni ya kijani kama jani. Lakini mguse kwa ujiti, utaona mambo. Mara huyainua mabawa yote na kuyatikisa hata yatoe sauti ya kukwaruza, na chini yake hutokea mabawa mengine yaliyokuwa yamekunjwa, mekundu na ya buluu. Rangi hizo hazikuwako kitambo kidogo tu, na ndege aliyekuja kumdonoa hushtuka. Akizidi kusumbuliwa, hutoa katika maungo ya kifua chake maji yenye povu na harufu mbaya.

Maji hayo si ya kutisha tu. Panzi huyu hupenda kula mimea yenye utomvu mweupe kama maziwa, ambayo ng'ombe na mbuzi huiacha. Ndani ya utomvu huo mna sumu inayoshika moyo. Yeye haimdhuru, bali huiweka akiba mwilini mwake iwe silaha. Ndege aliyemwonja mara moja hutapika, na tangu siku ile akiona rangi zile hukumbuka. Basi hana haja ya kukimbia. Rangi zake ni kama tangazo lililobandikwa mlangoni.

Watoto wake, yaani tunutu wasiokuwa na mabawa, hawana silaha ya mabawa, kwa hiyo hukaa pamoja, makumi kwa makumi, juu ya kichaka kimoja, ili tangazo lao lionekane toka mbali. Hapo ndipo watu wengi wanapokosea. Mtu akiona kundi lile hupiga mbio kwenda kwa mwenyekiti wa kijiji kusema nzige wamezaliwa.

Hatuwalaumu, maana nchi hii ina sababu ya kuogopa. Mbuga za Iku na Katavi, pamoja na bonde la Rukwa, ni katika mahali pachache pa Afrika panapozaliwa nzige wekundu. Kati ya 1930 na 1944 nzige hao walienea karibu Afrika yote ya kusini ya Ikweta. Na mwaka 2009 walianza tena kuwa wengi, hata ikabidi ndege zimwage dawa iliyofanywa kwa kuvu inayowaua nzige, katika Katavi, Rukwa na bonde la Malagarasi.

Lakini nzige mwekundu ana alama zake. Mwili wake ni wa rangi ya udongo, wenye milia, na mabawa yake ya juu yana mapande meusi-meusi. Mabawa yake ya chini yana wekundu kidogo, nao ndio unaowachanganya watu. Ila hana buluu, hana vinundu shingoni, wala hatoi povu. Tena ukimkaribia, huruka. Mwenye kuona nzige wa namna hiyo wengi na apeleke habari kwa bwana shamba siku ile ile.

Sasa neno lililotufanya tushike kalamu. Nzige na panzi wengi ni chakula, na watoto wachungao mifugo huwachoma porini bila kumwuliza mtu. Huyu haliwi. Huko Afrika ya Kusini, mwaka 1962, iliandikwa habari ya mtoto aliyepatwa na sumu kwa kula panzi wa jamaa hii. Mtu asidhani ya kwamba moto utaiondoa sumu hiyo. Mtoto akimla, asingojewe atapike wala asipewe dawa za kubahatisha, bali apelekwe hospitali mara moja, na masazo ya panzi yapelekwe pamoja naye ili mganga ajue alichokula.

Ndugu yake mdogo, yule wa manjano na meusi mwenye pembe za pete-pete, alaye majani ya muhogo, naye hunuka na haliwi vile vile.

Waalimu wanaweza kumwonyesha panzi huyu darasani. Ashikwe kwa jani pana, watoto wasimame mbali kidogo wayaone mabawa yakifunuliwa, kisha arudishwe kichakani, na aliyemshika anawe mikono kabla ya kula.