Binti za Mumbi na Dada za Morgan

Ukishuka matatu Naro Moru mapema asubuhi, kabla mawingu hayajapanda, utauona Mlima Kenya wote mbele yako: Batian wa mita 5,199, Nelion wa 5,188, na kando yao Lenana wa 4,985, ambako watalii wengi wanaopitia lango la hapa huishia. Waongozaji huyataja majina hayo kila siku kama wanavyotaja vituo vya basi. Mbatiany alikuwa laiboni mkuu wa Wamaasai, mganga na mtabiri aliyeogopwa kotekote nyandani. Nelieng alikuwa ndugu yake, na Lenana, au Olonana, mwanawe. Halford Mackinder, Mwingereza aliyefika kilele cha Batian Septemba 1899 pamoja na César Ollier na Joseph Brocherel kutoka Italia, ndiye aliyeugawia mlima majina hayo. Juu ya vichwa vyetu, basi, imekaa familia moja ya waganga, na wote ni wanaume.

Wanawake waliosifiwa kwa nguvu kama hizo hawamo kwenye ramani. Wamo kwenye hadithi, na humo ndimo walimopata taabu yao, maana hadithi haikai kama mwamba. Kila msimulizi huipinda kidogo. Leo nataka kumfuata mmoja wao kutoka mbali, nione alivyopindwa, kisha nirudi naye kwetu.

Mnamo 1150 hivi, kasisi mmoja wa Uingereza, Geoffrey wa Monmouth, alitunga utenzi mrefu wa Kilatini juu ya Merlin, mganga wa Mfalme Arthur. Humo alieleza habari za Kisiwa cha Matofaa, mahali ambapo mazao humea bila mtu kushika jembe. Watawala wake ni dada tisa, na mkubwa wao kwa elimu na uzuri ni Morgen. Anajua kazi ya kila mmea, anaweza kubadili umbo lake na kupaa angani, na amewafundisha dada zake hesabu. Arthur anapojeruhiwa vitani, anapelekwa kwake. Morgen anamlaza kwenye kitanda cha dhahabu, analifunua jeraha kwa mkono wake mwenyewe, analitazama kwa muda mrefu, halafu anasema kwamba mfalme anaweza kupona iwapo atakubali kukaa naye siku nyingi. Basi. Hakuna sumu wala hila, bali daktari na mgonjwa wake, na sharti moja.

Kwa msomaji wa Nyeri, hesabu ya wanawake tisa haina ugeni. Gikuyu na Mumbi, waliowekwa na Ngai pale Mukurwe wa Nyagathanga, walizaa mabinti tisa, na wa kumi ambaye watu hawamtaji katika hesabu, ndiyo maana husemwa kenda muiyuru, tisa iliyojaa. Wanjiru, Wambui, Wanjiku, Wangari na wenzao ndio chanzo cha koo. Ukoo wa Nyambura, Ethaga, ulisifika kwa uganga wa mvua, na watu wa koo nyingine walijihadhari kuwaudhi. Sharti nalo lipo. Jomo Kenyatta anaeleza katika Facing Mount Kenya, kitabu chake cha 1938, kwamba vijana waliojitokeza kuwaoa walikubaliwa kwa ahadi ya kuishi katika boma la wakwe zao, chini ya utawala wa upande wa mama. Sidai kwamba hadithi hizi mbili ziliwahi kukutana. Nasema tu kwamba watu wawili waliotengwa na bahari na karne nyingi, walipotaka kueleza mamlaka yaliyotangulia wafalme, waliyaweka mikononi mwa wanawake tisa.

Sasa tazama alivyofanywa Morgen. Miaka ishirini hivi baada ya Geoffrey, mshairi wa Ufaransa Chrétien de Troyes anamfanya kuwa dada ya Arthur, na bado ni mganga mwema ambaye marhamu yake huponya majeraha na hata wazimu. Inapoingia karne ya 13, waandishi wa hadithi ndefu za nathari, ambazo zimejaa mafunzo ya watawa, wanambadilisha kabisa. Elimu yake inabaki ileile, nia ndiyo inayogeuka. Anaachwa na mpenzi, naye analoga bonde zima liwe gereza la kila mwanamume asiye mwaminifu. Bonde la Kutorudi, ndivyo lilivyoitwa. Mwaka 1485 kitabu cha Thomas Malory kinapochapishwa London, Morgan huyo ameiba ala ya upanga wa ndugu yake, ile iliyomkinga asitokwe na damu, akaitupa majini, kisha akamtumia Arthur joho zuri linalomchoma hadi kufa yeyote atakayelivaa.

Hata hivyo Malory alishindwa kufuta mwanzo. Mwishoni mwa kitabu, Arthur anapokaribia kukata roho, mashua inakuja kumchukua kwenda Avalon, na miongoni mwa malkia waliomo ni yuleyule Morgan. Mwanamke aliyetaka kumuua ndiye anayekwenda kumtibu! Wasomaji wengi huona huo ni uzembe wa mwandishi. Mimi naona ni mshono: hapo ndipo kitambaa kipya kilipounganishwa na cha zamani, na uzi unaonekana.

Mshono wa namna hiyo uko pia katika simulizi ya Wagikuyu. Katika maelezo ya Kenyatta, wanawake walitawala, wakawa wapiganaji hodari na wakaolewa na wanaume wengi kwa wakati mmoja, hadi wanaume wakala njama: wakawapa wote mimba kwa pamoja, na miezi ilipotimia wakatwaa madaraka bila upinzani. Lakini walipotaka kubadilisha majina ya koo, wanawake waligoma. Walisema hawatazaa tena, na watoto wa kiume watauawa. Majina yakabaki. Hadithi iliyotungwa kuhalalisha utawala wa baba hadi leo inakiri, kwa majina ya koo zenyewe, kwamba mwenye nyumba alikuwa mama.

Na usidhani mambo haya hutokea kwa watu wa kubuni tu. Wangu wa Makeri alikuwa mtu wa nyama na damu, aliyefanywa mzee wa eneo la Weithaga, Murang'a, mwaka 1902 kwa mkono wa Karuri wa Gakure, na akaacha cheo mwaka 1909. Kazi yake ilikuwa ya kawaida ya utawala wa wakati huo: kukusanya kodi, kusimamia kazi za barabara, kuadhibu wakaidi. Machifu wa kiume walifanya hayohayo, tena wengine kwa ukatili wa wazi. Lakini ni yeye anayesimuliwa kwamba aliwakalia wanaume migongoni kama viti, na kwamba alianguka kwa sababu aliingia katika ngoma ya kibaata, ngoma ya wanaume, vazi likamvuka. Tangu 1909 hadi leo ni kitambo kifupi, na tayari tuna Morgan wetu.

Lakini hadithi inayonishika zaidi kuliko zote haiko mlimani. Iko Gwassi, ukingoni mwa Ziwa Victoria, upande wa Homa Bay. Nyamgondho, mvuvi maskini, alivuta wavu akamtoa ziwani mwanamke. Akampeleka kwake. Mwanamke akaja na ng'ombe, mbuzi, kuku, na utajiri ambao kijiji hakijawahi kuuona. Nyamgondho akaoa wake wengine, akazoea pombe. Usiku mmoja akarudi amelewa, akakuta lango limefungwa, na katika kupiga kelele akamtukana mwanamke yule mbele ya watu: kitu nilichokiokota kwenye wavu. Mwanamke hakujibu. Aliondoka akaelekea ziwani, na mifugo yote ikamfuata, ikazama mmoja baada ya mwingine. Nyamgondho akabaki ufukweni ameegemea fimbo yake hadi akageuka mti. Wenyeji humwonyesha mgeni alama za nyayo kwenye mwamba.

Iweke kando ya hadithi aliyoiandika Jean d'Arras mwaka 1393 kwa agizo la mtawala wa Berry, Ufaransa, ambaye alikuwa na sababu zake za kutaka kuisikia, kwani ngome ya Lusignan ilikuwa mkononi mwake. Raymondin, kijana asiye na kitu, anakutana msituni penye chemchemi na Mélusine. Anamwoa kwa sharti kwamba Jumamosi asimtazame. Mwanamke anamjengea ngome na miji, anamzalia wana wengi. Siku moja mume anatoboa mlango kwa upanga, anachungulia, anamwona mkewe kwenye maji akiwa na mkia wa nyoka kuanzia kiunoni. Ananyamaza, naye mke anamsamehe. Kinachomaliza ndoa ni hasira ya baadaye, siku mtoto wao mmoja alipochoma nyumba ya watawa: Raymondin anamwita mkewe nyoka mbele ya watu wote. Mélusine anaruka dirishani akiwa joka, na kwenye jiwe la dirisha anaacha alama ya unyayo wake.

Angalia kosa ni lipi. Raymondin alivunja mwiko akasamehewa. Nyamgondho alioa wake wengine na kulewa, akavumiliwa. Kilichowamaliza wote wawili ni kuitangaza hadharani asili ya mwanamke ambaye walikula jasho lake miaka yote. Wataalamu hupenda kusema hizi ni hadithi za hofu ya wanaume kwa wanawake. Sikatai, lakini naona ni hadithi za deni pia, maana mwanamke wa ajabu huja na mali, na mali hiyo haiwi ya mume hata kidogo.

Pwani nako hawakosekani. Wasomaji wa Alfu Lela U Lela wanamkumbuka Malkia Labe, anayewageuza wapenzi wake kuwa wanyama akishawachoka. Shaaban Robert alichota kwenye kisima hichohicho alipoandika Adili na Nduguze, kilichotoka 1952. Huria, binti wa mfalme wa majini, aliyeokolewa na Adili, anawageuza manyani ndugu waliomtosa Adili baharini. Nguvu za Huria ni sawa na za Labe, ila zimewekwa chini ya hukumu: anaadhibu hasidi na kulipa wema. Ni mzuri, ingawa binafsi naona mwandishi amemfunga kamba fupi mno.

Waandishi wa siku hizi wamejaribu kumrudisha mwanamke huyu mahali pake. Mwaka 1983 Marion Zimmer Bradley wa Marekani alitoa The Mists of Avalon, riwaya nene inayompa Morgan nafasi ya kusimulia habari za Arthur kwa kinywa chake. Ilisomwa sana na ikafungua njia kwa nyingine nyingi, hadi Circe ya Madeline Miller ya 2018. Nazisoma kwa raha, ila zina kasoro moja: mwanamke akishapata haki zake zote, mara nyingi haogopeshi tena. Hueleweka mpaka hachoshi akili ya msomaji.

Mwaka huohuo wa 1983 Grace Ogot alitoa Miaha kwa Kijaluo. Watu wa hadithi hiyo wana jembe linalolima lenyewe, sawa na kisiwa cha Geoffrey, na wana mwiko unaolilinda. Anakuja bibi arusi mgeni, Nyawir, mrembo wa kutisha, anauvunja, na tangu hapo binadamu hula kwa jasho lake. Je, amewaharibia watu au amewafanya watu wazima? Ogot hasemi. Ndiyo sababu namweka Nyawir juu ya Morgan wa Bradley.

Ngugi wa Thiong'o, aliyetutoka Mei 2025, aliingia uwanjani mara mbili. Katika Murogi wa Kagogo, Kamiti na Nyawira wanakimbizwa na polisi, na kibao cha kuwatisha kwamba hapa anaishi mchawi kinawaletea foleni ya wateja, wakiwemo wakubwa. Wanacheza uganga wote wawili, mwanamume na mwanamke, na Nyawira ndiye mwenye akili ya siasa. Kisha katika Kenda Muiyuru akawarudia binti za Mumbi wenyewe. Wachumba 99 wanakuja, wanapelekwa safari ya kupambana na mazimwi hadi mlimani ili kupata dawa ya Warigia, yule wa kumi ambaye miguu yake haimbebi. Binti wanasafiri pamoja na wachumba na wanapigana. Humo, yule asiyehesabiwa ndiye kiini cha hadithi.

Lakini hadithi hazibaki vitabuni. Kitabu cha Malory kilichapishwa 1485. Mwaka uliofuata, 1486, Heinrich Kramer alichapisha Ujerumani mwongozo wa kuwasaka na kuwahukumu wachawi, uliodai kwamba wengi wao ni wanawake, na vikongwe wakachomwa kwa karne mbili. Riwaya hazikuwasha moto huo, lakini ziliwakuta wasomaji wamekwisha kuzoea kuamini kwamba mwanamke anayejua dawa ana nia mbaya. Na sisi hatujatoka huko. Oktoba 2021, Marani katika Kaunti ya Kisii, umati wa watu uliwaua wanawake wazee wanne kwa kuwashuku uchawi.

Kwa hiyo mwalimu wa Kieni, au bibi unayewasimulia wajukuu jioni mkiota moto, usiache kumtisha mtoto kwa mwanamke wa ziwani; hadithi bila hofu hailiwi. Ila usiikatize. Mfikishe hadi pale mume anapomtukana, na umwambie mali ilikuwa ya nani.