Tajriba ya Baharini: Babu, Baba na Mwana

Msomaji wa mwambao akisikia jina la Ahmad bin Majid humkumbuka Vasco da Gama, aliyefika Malindi mwaka 1498 akapewa rubani wa kumvusha hadi Bara Hindi. Wanahistoria wengi wa leo wanakataa kwamba rubani yule alikuwa yeye. Tumwache Mreno hapo. Sifa ya Ibn Majid haihitaji kisa kile.

Yeye alikuwa mwalimu, mwana wa mwalimu. Kwa mabaharia wa Kiarabu, mwalimu ni yule aongozaye chombo. Babu yake aliichunguza Bahari ya Shamu, yenye miamba na mafungu tele. Baba akazidisha, akatunga na shairi refu la njia zake. Mwana hakutosheka kuhifadhi tu. Alisafiri miaka ipatayo 40, na pale alipoona bahari hailingani na maneno ya wazee, aliyasahihisha. Je, huo ni utovu wa adabu? Mimi sioni hivyo. Mwamba haumwonei haya mzee wa mtu.

Hata pepo alizihesabu kwa tajriba. Katika Kitab al-Fawaid, cha karibu mwaka 1490, safari zapangwa kwa siku za Nairuzi, si kwa miezi ya Hijria, kwani mwaka wa mwezi mwandamo hupungua siku kama 11, na kaskazi haingoji. Wazee wetu nao walihesabu vivyo hivyo, miongo ya siku kumi kumi, tangu Siku ya Mwaka, ndipo wakajua lini kutweka na lini kupanda.