Sura ya Saba: Ada Iliyochelewa

Nilipanga sura hii ianze na viwango vya ada, ifuate njia za kulipia, kisha iishie kwenye hiari ya mahakama. Mpango huo nauweka kando, maana kila mara anaingia ofisini kwangu mtu aliyekwisha kuambiwa mtaani kwamba jaji mwenye utu humsamehe mtu ada. Hakusamehe. Hiari ninayoieleza hapa haifuti hata senti; inachokupa ni muda.

Tufungue kifungu cha 96 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Kenya. Ni pacha wa kifungu cha 149 cha sheria ya India ya mwaka 1908. Wakoloni walikivusha bahari karibu neno kwa neno. Ada ya hati isipolipwa, yote au sehemu yake, mahakama inaweza kwa hiari yake, katika hatua yoyote ya shauri, kumruhusu mhusika ailipe. Akishalipa, hati inapata nguvu ileile kana kwamba ada ililipwa tangu mwanzo. Hayo maneno ya mwisho ndiyo roho ya kifungu. Chukua mtu aliyegongwa na gari, ambaye dai lake la fidia lina ukomo wa miaka 3. Analeta hati ya madai siku ya mwisho, ada pungufu. Bila kifungu hicho, pesa ya wiki inayofuata ingekuta dai limekwisha kufa. Kwa ruhusa ya mahakama, malipo yanarudi nyuma hadi siku ile aliyofika masjala.

Kwa uzito huo, ruhusa haigawiwi kama njugu. Jaji huuliza: umechelewa kiasi gani, na kwa nini? Ulikosea hesabu, au ulilipa kidogo makusudi ukipima upepo? Mwenzako ataumia vipi? Niliwahi kusimama mbele ya hakimu na mteja ambaye risiti yake ilipungua shilingi 75. Karani alikosea kujumlisha, mzee wa watu akalipa alichotajiwa. Wakili wa upande wa pili alitaka hati itupwe nje. Tuliomba kwa mdomo palepale, tukaruhusiwa, na kabla ya chakula cha mchana mzee alikuwa na risiti ya pili mkononi. Sasa mlinganishe na mfanyabiashara aliyejua upungufu wake akakaa kimya miaka miwili. Huyo simwonei huruma.

Yeye ndiye hasa hukimbilia hirizi: Ibara ya 159(2)(d) ya Katiba ya 2010, inayotaka haki itendeke bila kujali mno masuala ya kiufundi. Nimechoka kuisikia. Mahakama ya Juu ilikwisha sema mwaka 2013, katika kesi ya uchaguzi wa urais, kwamba ibara hiyo haikumwondolea mtu wajibu wa kufuata taratibu. Na ada ina mlango wake: asiye na uwezo aombe kushtaki kama fukara, chini ya Agizo la 33. Hata huko ada haiyeyuki. Akishinda, hukokotolewa na kudaiwa.

Viwango nilivyoahidi vingestahili kuja hapa, lakini siwezi kuupita mfano wa Tanzania. Katika uamuzi ulioripotiwa mwaka 1992, Mahakama ya Rufani ilisema tarehe ya kufungua ombi ni siku ada ilipolipwa, wala si siku karatasi zilipopokelewa masjala. Yaani hati inaweza kulala mezani kwa karani, muhuri wa "imepokelewa" umekauka juu yake, na kisheria bado haijazaliwa. Zikaja kanuni za kufungua mashauri kwa mtandao, za mwaka 2018: hati iliyotumwa kabla ya saa sita usiku huhesabika imefunguliwa siku hiyo. Mawakili wakashangilia. Lakini ukituma Ijumaa usiku ukalipa Jumatatu, tarehe yako ni ipi? Mabishano yakaanza upya, na aliyetuma saa tano na dakika hamsini akagundua kwamba kuwahi usiku wa manane hakutoshi.

Viwango basi vitazame kwenye jedwali la ada lililobandikwa masjala. Kokotoa mwenyewe, uilinganishe na risiti ungali dirishani. Ukiona pungufu, sema siku hiyohiyo.