Darasa na Zizi katika Nchi ya Waturkana

Katika nchi kame ielekeayo Ziwa Turkana, ambako mto Kerio huteremka kutoka milima ya Elgeyo na kuishia ziwani, mtoto wa Kiturkana hupata taalimu yake ya kwanza pasipo ubao wala chaki. Angali mdogo hukabidhiwa vitoto vya mbuzi avichunge karibu na awi, yaani boma la wazazi wake. Akivimudu hupewa mbuzi wakubwa, kisha ng'ombe au ngamia, na katika kila daraja hutahiniwa, kwa maana mnyama aliyepotea hutafutwa hata giza likiwa limeingia. Hujifunza kuwatambua wanyama kwa rangi, kwa pembe na kwa nasaba zao, hata akiwatupia jicho mara moja jioni aweza kusema ni yupi hakurudi. Hujua mgunga upi huangusha maganda yaliwayo na mbuzi wakati wa akamu, ambacho ni kiangazi, na mahali gani mchanga wa mto uliokauka ukichimbwa hutoa maji. Elimu hii ina walimu na ina mitihani, ila haina jengo; na kwa kuwa haina jengo, wageni waliokuja na majengo walidhani kwamba haipo.

Wageni hao walichelewa kuja. Serikali ya kikoloni iliifunga wilaya ya Turkana, mtu wa nje asiingie ila kwa ruhusa, ikaiona kuwa mahali pafaapo kuwatupa wafungwa wa siasa: Jomo Kenyatta na wenziwe waliwekwa Lokitaung, naye akahamishiwa Lodwar mwaka 1959. Shule zilikuwa haba mno. Njaa ya 1960 na 1961 ndiyo iliyofungua mlango, wakaingia wamisionari, miongoni mwao mapadri wa shirika la Mtakatifu Patrisi kutoka Ireland, na chakula, dawa na shule vikafika pamoja kama mzigo mmoja. Tangu hapo shule na sufuria hazikuachana. Mwaka 1980 mpango wa kulisha wanafunzi uliwekwa rasmi katika wilaya kame za Kenya. Wako wachekao kwamba mtoto wa huko hufuata uji kuliko herufi. Mimi sioni aibu katika jambo hilo, maana hata mwana wa tajiri wa mjini hasomi tumbo likiwa tupu.

Wazazi walilijibu jambo la shule kwa hekima ya wafugaji. Mfugaji hawaweki wanyama wake wote mahali pamoja: ngamia huenda upande huu, ng'ombe hupelekwa milimani, mbuzi wakabaki karibu, ili ukame au wavamizi wasiangamize mali yote kwa siku moja. Ndivyo walivyowagawanya watoto pia, mmoja wakamtia darasani na mwingine wakamwacha zizini. Ukame ukiua mifugo, mwenye mshahara atawasaidia wazee. Kazi ikikosekana mjini, mifugo ingalipo. Hesabu hiyo haina kosa, bali gharama yake hulipwa na watoto wenyewe, kwa kuwa ndugu wawili waliozaliwa tumbo moja hukua mmoja asijue kusoma barua na mwenziwe asijue kumtibu mbuzi. Shule yenye tamaduni mbili, kama ninavyoifahamu mimi, ni ile iwezayo kuwaondolea wazazi haja ya mgawanyo huo, na ngoma inayochezwa mbele ya wageni wa heshima siku ya kufunga muhula haitoshi kwa kazi hiyo.

Katika maandishi, serikali imekwisha kukubali. Ripoti ya kamati ya elimu ya Gachathi ya 1976 ilipendekeza mtoto afundishwe kwa lugha ya eneo lake katika miaka mitatu ya kwanza; Katiba ya 2010 yaamuru lugha na mila za jamii zilizosahauliwa zikuzwe; sheria ya elimu ya 2013 iliunda Baraza la Taifa la Elimu ya Wahamaji; na mtaala mpya ulioanza 2019 una somo la lugha za kienyeji. Kwa kanuni hizo mtoto wa Kerio hustahili kuanza kwa Kiturkana. Huko Kakuma, ndani ya Turkana hiyohiyo, mambo hugeuka, kwani tangu 1992 ipo kambi ya wakimbizi, na Mturkana aweza kuketi dawati moja na Mdinka, Msomali na Mkongo. Mwalimu ashike lugha ya nani? Hapo Kiswahili na Kiingereza hutawala tangu asubuhi ya kwanza, na wazazi wengi hawalalamiki, kwa kuwa ndizo lugha za ajira.

Jirani za Waturkana wa Karamoja, nchini Uganda, ambao ni ndugu zao kwa lugha na usuli, walithubutu zaidi. Husimuliwa kwamba wazee wa huko waliizika kalamu kwa laana, kwa sababu ndiyo iliyoandika majina ya vijana waliopelekwa vitani. Mwaka 1995 wakaifukua kwa tambiko, na mwaka 1998 Uganda ikaanzisha mpango wa masomo ya alfajiri na jioni, kabla na baada ya machunga, kwa lugha yao na kwa walimu waliotoka bomani mwao. Lakini hatua kama hiyo yaweza kurudishwa nyuma. Hata Australia, ambako shule za lugha mbili za Waaborijini zilianza 1973 katika eneo la Northern Territory, mwaka 2008 watawala waliamuru saa nne za kwanza za kila siku ziwe za Kiingereza, wazee wa Yirrkala, jumuiya mojawapo ya Waaborijini hao, wakapinga.

Lodwar sasa ina chuo kikuu kishiriki, na vijana wa Kiturkana wenye shahada wanaongezeka. Bali mzee ajuaye magonjwa ya ngamia na njia za malisho hadi mpaka wa Uganda hana cheti, na sheria haimruhusu asiyesajiliwa na Tume ya Huduma ya Walimu kuajiriwa kufundisha. Basi huitwa siku ya utamaduni, akasimulia kwa nusu saa chini ya mti, akapewa soda, na Jumatatu ratiba ikaendelea pasipo yeye.