Shamba lako kwenye safari ya siku moja: Mazimbu, Uluguru na mvinyo wa choya

Swali ninaloulizwa sana siku hizi na vijana wa Mlimani, Bigwa mpaka Mgeta ni hili: "Afisa, watalii wanapanda mlima kila wikiendi, na sisi tunawapungia mkono tu. Nikipanda zabibu nikatengeneza mvinyo, si watasimama kwangu?"

Wazo la kuwasimamisha ni zuri. La zabibu, hapana.

Tuanze na kilichobadilika. Treni ya SGR ilipoanza kubeba abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro Juni 2024, safari ikawa chini ya saa mbili. Maana yake mtu wa Dar anaweza kutoka asubuhi, akashinda Morogoro, na usiku akalala kwake. Huyu ndiye mteja mpya. Hahitaji hoteli. Anahitaji siku iliyopangwa vizuri: kitu cha kujifunza, mahali pa kupanda, chakula kizuri, na cha kubeba nyumbani. Mlima anauona bure, na hakuna anayeweza kuuza mandhari ya Uluguru. Unachoweza kuuza wewe ni saa mbili katikati ya siku yake, saa ambazo ana njaa na miguu imechoka.

Sasa zabibu. Dodoma wanafanikiwa kwa sababu pakavu. Mvua zao ni za msimu mmoja na hazivuki sana milimita 600 kwa mwaka, ndiyo maana aina ya Makutupora inazaa vizuri na wanavuna mara mbili. Mashariki ya Uluguru mvua inapita milimita 2,000, na ukungu unakaa kwenye majani mpaka saa nne asubuhi. Hapo ubwiri hauondoki. Utapiga dawa kila wiki, na mwisho wa siku mvinyo wako utashindanishwa na wa watu ambao wamekuwa kwenye kazi hiyo miaka mingi. Ya nini yote hayo?

Morogoro tuna choya. Inakubali tambarare za Mvomero na Kilosa, inavumilia ukame, na ikikaushwa vizuri inakaa ghalani miezi mingi, kwa hiyo hutegemei msimu kutengeneza mvinyo. Wa mlimani anunue choya kavu kwa mkulima wa bondeni, yeye abaki na faida yake kubwa: baridi. Chachu inafanya kazi vizuri kwenye nyuzi 20 hadi 25. Kwenye joto la mjini, chumba chenye bati bila dari kikivuka nyuzi 30, chachu inachoka na mvinyo unatoka na harufu mbaya. Chumba cha matofali kule juu kinajipoza chenyewe.

Kwa wanaotaka kuelewa kazi yenyewe: choya ina rangi na uchachu mwingi, lakini sukari yake ni kidogo sana. Kileo kinatokana na sukari unayoongeza. Kanuni ni kwamba gramu 17 za sukari kwenye lita moja zinatoa takriban asilimia 1 ya kileo. Ukiweka gramu 200 kwa lita, zikaliwa zote, unapata kama asilimia 12. Choya kavu, anza na gramu 50 kwa lita: chemsha, chuja, acha ipoe kabisa ndipo uweke chachu. Tumia chachu ya mvinyo. Hamira ya mikate inachacha, sikatai, lakini ladha ya mkate haiondoki. Funga chombo, pitisha mpira mwembamba kwenye mfuniko, ncha ya nje itumbukize kwenye chupa ya maji ili hewa itoke bila nyingine kuingia, maana ikiingia utapata siki.

Mapovu yakikoma usikimbilie kwenye chupa. Pima kwa haidromita siku tatu mfululizo. Namba isipobadilika, hamisha juu ya mashapo na uache utulie miezi kadhaa. Chupa iliyofungwa kabla sukari haijaisha inaweza kupasuka, na kioo hakichagui jicho. Na tafadhali, usijaribu kuukoleza kwa kuukeneka. Hiyo tayari ni gongo, na kisheria ni kosa.

Basi, siku yenyewe ikae vipi? Mimi ningeianzia Mazimbu, nje kidogo ya mji. Hapo palikuwa shamba la mkonge. Mwaka 1977 Tanzania ilikipa eneo hilo chama cha ANC cha Afrika Kusini, kwa ajili ya vijana waliokimbia nchi yao baada ya mauaji ya Soweto ya 1976. Shule yao ikapewa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa na utawala wa makaburu Aprili 1979. Makaburi ya wapigania uhuru yapo pale, na tangu makabidhiano ya 1992 majengo yakawa sehemu ya Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo. Jambo ambalo waongozaji wengi hawalisemi, na kwetu ndilo tamu: wakimbizi wale walilima na kufuga. Walikuwa na ng'ombe, nguruwe na mashamba ya kulisha shule yao. Mgeni akisimama pale, habari ya chakula anayo tayari kichwani kabla hajafika kwako.

Vipo vingine: mji wa Kisabengo na bintiye Simbamwene, ambao Stanley aliupita mwaka 1871, reli ya Wajerumani iliyofika hapa 1907, na kule njia ya Dodoma mahali alipofariki Edward Sokoine Aprili 1984. Usivibebe vyote. Siku moja inabeba kituo kimoja cha historia mjini, halafu mlima. Mwongozaji anayetaka kuonyesha kila kitu atamleta mgeni kwako saa kumi jioni, amechoka na anawaza treni.

Mlimani, njia ya Morningside ndiyo nyepesi. Kutoka mjini kwa miguu ni kama saa mbili kwa mtu wa kawaida, na juu kuna nyumba ya zamani ya enzi za Wajerumani. Ukitaka kuingia msituni zaidi, kuelekea Bondwa, hiyo ni Hifadhi ya Mazingira Asilia ya Uluguru, ipo chini ya TFS, na kuna kibali na tozo. Mwongozaji amalize hayo kabla ya siku ya safari, siyo kubishana getini mbele ya wageni.

Na hapa mashambani ndipo ilipo historia ambayo ni yako kabisa, ila unaikanyaga kila siku. Nazungumzia matuta. Mwaka 1950 serikali ya Waingereza ilianzisha mpango wa matumizi ya ardhi Uluguru, na watu wakalazimishwa kuchimba matuta ya ngazi kwenye miteremko. Nia ilikuwa kuzuia mmomonyoko, na mmomonyoko ulikuwepo kweli. Lakini kuchimba tuta pana kwenye udongo mwembamba kunafukia udongo wa juu wenye rutuba na kuleta juu ule mwekundu usio na kitu. Mazao yakashuka, kazi ikawa nzito, na aliyekataa akatozwa faini. Julai 1955 watu wa Matombo wakagoma. Polisi wakafyatua risasi, mtu mmoja akafa, na mpango ukaachwa.

Mimi ni afisa ugani, na stori hii nadhani kila mmoja wetu angetakiwa kuifahamu kabla ya kumwambia mkulima "chimba hapa". Waluguru walikuwa na njia yao: ngazi ndogo, majani na magugu yanafukiwa ndani yaoze, udongo wa juu unabaki juu. Ukienda Mgeta leo utaziona, kabichi na karoti juu yake. Ukiwa na kipande cha shamba chenye ngazi hizo, na jirani mzee aliyekuwa mtoto mwaka 1955, hicho ndicho kituo chako. Mlipe mzee huyo. Asiitwe "aje asalimie wageni" halafu apewe soda.

Umbali uangalie vizuri. Ukiwa ndani ya saa moja kutoka mjini, wageni wa siku moja ni wako. Ukiwa Nyandira, barabara ni ndefu na ya kupanda. Wewe lenga wanaolala, au shusha stroberi na plamsi zako zikauzwe kwenye kituo cha mwenzako wa chini.

Hesabu nayo tuiguse. Tuseme kwa mfano kundi la watu 10, kila mmoja analipa 20,000 kwa chakula, matembezi ya shambani na kuonja. Ni 200,000. Toa chakula 70,000, mzee 20,000, wasaidizi wawili 20,000, mchango wa kijiji 10,000. Inabaki 80,000. Wageni sita wakibeba chupa ya 12,000 kila mmoja, mauzo yanaongezeka 72,000, kabla ya gharama ya chupa na sukari. Makundi mawili kwa mwezi hayakufanyi uache kulima. Yanalipa ada za shule na mbolea ya kupandia, basi. Anayekuahidi zaidi ya hapo muulize amewahi kupokea wageni wangapi.

Chupa haiuzwi bila kufuata taratibu: anza SIDO wakupe utambulisho, nenda TBS kwa ajili ya ubora, TRA kwa stempu, na halmashauri kwa leseni ya vileo, hata kama unauza glasi tatu kwa wiki. Kupeleka watalii kwa malipo nako kuna leseni yake, kwa hiyo fanya kazi na kampuni au mwongozaji aliyenayo, wewe baki kuwa mwenyeji. Wakati makaratasi yanashughulikiwa, andaa juisi ya choya yenye tangawizi. Utaihitaji hata baadaye, maana wageni wengi hawanywi kileo, na watoto hawapewi.

Limebaki la ardhi, na hili vijana wa kiume mnisikilize. Uluguru ardhi ya ukoo inafuata upande wa mama. Shamba unalolima linaweza kuwa la ukoo wa mkeo, au la mama yako ambalo wajomba ndio wasemaji wake. Kulima mihogo hakuna atakayeuliza. Siku utakapojenga banda la wageni, ukaweka choo cha kudumu na bango barabarani, watauliza, na watakuwa na haki. Kaa nao kabla ya tofali la kwanza. Mkubaliane nani anamiliki banda, ukoo unapata nini kwa kila kundi, na ikitokea ndoa imevunjika au umefariki inakuwaje. Iandikwe, wajomba wasaini, mama asaini, mkeo asaini, mwenyekiti wa kijiji agonge muhuri, nakala moja ibaki ofisi ya kijiji. Ukianza vikao hivyo wakati wa masika, njia zikiwa zinateleza na wageni hawapo, Juni utakuwa tayari kupokea kundi la kwanza.