Verlan: Risto ya Kupindua

Buda, chukua neno stori. Pindua silabi, unapata risto. Hakuna odijo alikufunza hiyo, uliokota tu base. Sasa Wafaransa wako na hiyo form kitambo, wanaiita verlan. Hata jina lenyewe limepinduliwa: l'envers, yaani kinyume, nyuma ikaletwa mbele. Femme, manzi, ikawa meuf. Fou, chizi, ikawa ouf. Ilishika moto kwa zile ghorofa za mitaa ya pembeni mwa Paris, na 1995 Mathieu Kassovitz akaibeba hivyo hivyo mbichi hadi kwa filamu yake, La Haine.

Lakini si mayut pekee. 1985, prezo François Mitterrand ako kwa tivi, mtangazaji Yves Mourousi anamuuliza ka anajua chébran ni nini. Mzae alikuwa na miaka 68. Akajibu ni branché imepinduliwa, yaani msee ameamka, halafu akamshtua ati hilo neno hata limeshachacha, sai watu hudai câblé. Hebu fikiria prezo akikukosoa Sheng, tena mbele ya nchi nzima!

Kuna mwingine wa zamani zaidi. Mwandishi Voltaire alizaliwa Arouet, jina akabadilisha 1718 hivi, akiwa ametoka jela ya Bastille. Wasomi wengi hudai alichanganya tu herufi za Arouet l.j., yaani le jeune, mdogo, U ikisomwa V na J ikisomwa I. Wengine hudai alipindua Airvault, mji ulio karibu na kule ukoo wake ulitoka. Sina ushahidi, lakini mimi niko na hao wa pili. Inabamba zaidi.

Halafu kuna beur, imetoka kwa arabe, Mwarabu. Zidane, mtoi wa La Castellane kule Marseille, wazazi wa Algeria, 1998 alidunga Brazil vichwa viwili kwa fainali ya World Cup, ikaisha 3-0. Ufaransa nzima ikaanza kuimba black-blanc-beur, yaani weusi, weupe na Waarabu, magazeti, wanasiasa, kila mtu. Kwa mtaa, beur ilikuwa imeshapinduliwa mara ya pili: rebeu. Mdosi akishika neno lako, wewe unahama nalo.

Msanii Stromae simhesabu hapa juu ni Mbelgiji, mbuyu wake alikuwa wa Rwanda. Lakini soma hilo jina polepole, ukianzia nyuma: mae-stro.