Binti wa Kenya Aliyepanda Jukwaani



Katika kijiji kimoja cha delta ya Rufiji, wanakisomo wetu walitayarisha mchezo wa kuigiza juu ya kuchemsha maji ya kunywa. Binti mmoja aliwapita wote kwa kuigiza. Siku mbili kabla ya mchezo, baba yake akamtoa. Alisema, "Kuigiza ni uhuni. Binti yangu hafanyi uhuni mbele za watu." Basi mchezo ukavunjika. Tulirudi Kibiti na huzuni. Kwa sababu hiyo leo tunaeleza maisha ya binti mwingine, aliyeifanya kazi hiyo.

Jina lake Lupita Nyong'o. Wazazi wake ni Wakenya, kabila la Wajaluo. Alizaliwa tarehe 1 Machi 1983 mjini Mexico City, ng'ambo ya bahari, baba yake alikokuwa akifundisha. Alirudishwa Kenya angali mtoto mchanga.

Alipokuwa na miaka 14 alipanda jukwaani mjini Nairobi pamoja na kikundi cha Phoenix Players. Aliigiza kama Juliet katika mchezo wa Mwingereza Shakespeare. Shakespeare ndiye yule ambaye Mwalimu Nyerere alitafsiri michezo yake miwili kwa Kiswahili, Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi. Je, Mwalimu angejisumbua kwa mambo ya kihuni?

Msidhani Lupita alipata sifa kwa siku moja. Sinema ya The Constant Gardener ilipopigwa Kenya, yeye alikuwa msaidizi mdogo tu, wa kutumwa huku na huko. Mwaka 2009 alitoa sinema yake mwenyewe, In My Genes, juu ya Wakenya wenye ualbino. Mwaka huo huo aliigiza katika Shuga, mchezo wa televisheni wa kufundisha vijana juu ya Ukimwi. Kisha akaenda Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, akasomea uigizaji mpaka mwaka 2012. Kumbe kuigiza nako kunasomewa!

Mwaka 2013 ikatoka sinema ya 12 Years a Slave. Lupita aliigiza kama Patsey, mtumwa wa shamba la pamba huko Marekani. Patsey huchuma zaidi ya ratili 500 za pamba kwa siku, yaani zaidi ya kilo 220, na bado hupigwa mijeledi. Wazee wetu walisimuliwa jinsi Wajerumani walivyolazimisha watu kulima pamba, hata Vita vya Maji Maji vikazuka mwaka 1905. Hadithi ya Patsey si ngeni kwetu.

Kwa kazi hiyo Lupita alipewa tuzo ya Oscar tarehe 2 Machi 2014. Alikuwa Mkenya wa kwanza kuipata.

Mwaka 2016 aliigiza katika Queen of Katwe, hadithi ya kweli ya Uganda. Humo yeye ni mama maskini wa Kampala. Binti yake anapenda mchezo wa sataranji. Mama anaogopa kwamba mchezo huo utamharibu mtoto. Mwishowe anaona faida yake, anamwunga mkono.

Jambo jingine. Lupita alipokuwa mtoto alichekwa kwa weusi wake, akawa anamwomba Mungu amfanye mweupe. Alipokua aliacha kuuonea haya weusi wake. Mwaka 2019 akatoa kitabu cha watoto kiitwacho Sulwe, maana yake nyota kwa Kijaluo, juu ya msichana mweusi anayejifunza kujipenda. Akina dada mnaojipaka mkorogo, mnasikia?

Ndugu wasomaji, mchezo uliovunjika ulikuwa wa kuwakinga watoto na kipindupindu. Uhuni wake uko wapi? Zungumzeni katika kikundi chenu:

1. Kwa nini wazazi wengine hukataza mabinti kuigiza?
2. Mchezo gani ungefaa kuonyeshwa kijijini kwenu?
3. Nani atakwenda kuzungumza na wazee?